Mwigizaji Asiye na Maneno: Amandina Lihamba, Samehe, na Mama Mmoja wa Enguserosambu

Filamu yenyewe nililetewa kwenye flashi. Rafiki yangu wa chuo, anayejua kwamba huku nilikopangiwa kazi burudani kubwa ya jioni ni kuota moto, aliijaza flashi muziki wa zamani, tamthilia za Kikorea zilizotafsiriwa, mahubiri mawili matatu (sijui alidhani nimepotea kiasi gani), na katikati ya hayo yote faili moja lililoandikwa kwa herufi kubwa: MAANGAMIZI. Akampa konda wa basi la Loliondo. Kesho yake nikaifuata Wasso kwa bodaboda, nikarudi nayo mfukoni kama mtu aliyebeba dawa.

Kwa jina lile nilidhani ni filamu ya vita. Nikaiacha wiki nzima.

Enguserosambu ni kata ya tarafa ya Loliondo, wilaya ya Ngorongoro. Ni juu, ni baridi, na mpaka wa Kenya uko karibu kiasi kwamba kuna kona ya njia ukisimama simu yako inakukaribisha nchi ya pili. Msitu unaanza pale malisho yanapoishia: mierezi, mizaituni ya mwituni, ukungu ambao siku nyingine hauondoki mpaka saa nne. Ni msitu wa vijiji vyenyewe, na wazee wake wanaujua mti kwa mti. Mimi kwetu ni Morogoro. Nilikuja huku kufundisha Kiswahili na fasihi katika shule moja ya sekondari, nikiwa na sanduku moja, godoro moja, na imani kubwa sana juu ya uwezo wangu wa kubadilisha maisha ya watu. Hiyo imani ndiyo iliyoniletea aibu ninayotaka kuisimulia hapa. Lakini siwezi kuisimulia bila filamu ile, na filamu ile siwezi kuisema bila mwanamke aliyeibeba.

Usiku nilioamua kuitazama, betri ya sola ilikuwa na chaji ya kutosha na laptop ilikuwa na asilimia sitini. Nikajifunika blanketi mabegani. Dakika chache tu nikasimamisha picha, nikasema kwa sauti, peke yangu chumbani: "Huyu si Lihamba?"

Ndiye. Amandina Lihamba. Jina nililokuwa nalijua miaka yote kutoka kwenye majalada ya vitabu.

*

Tuliosoma fasihi ya Kiswahili wengi wetu tunamjua Lihamba kama mwandishi. Tunajua *Hawala ya Fedha*, tamthiliya aliyoitoa mwaka 1980, aliyoijenga juu ya hadithi ya Sembène Ousmane wa Senegali. Tunajua *Harakati za Ukombozi* ya mwaka 1982, aliyoiandika pamoja na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya, wanawake watatu meza moja. Tunajua *Mkutano wa Pili wa Ndege* ya mwaka 1992. Tunayasema majina hayo kwenye mtihani, tunapata alama zetu, tunaendelea na safari. Ni wachache wanaokumbuka kwamba kabla ya kuwa jina kwenye jalada, na wakati akiwa jina kwenye jalada, mama huyu alikuwa mwigizaji. Mwili jukwaani. Sauti. Jasho.

Alizaliwa Morogoro mwaka 1944. Hilo nililifurahia kitoto, kama mtu anayekuta mtu wa kwao ugenini. Maisha yake ya kazi yalikuwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, katika idara ya sanaa za maonyesho, alikofundisha, akaongoza idara, akafikia uprofesa. Alikwenda Leeds, Uingereza, akaandika tasnifu ya udaktari juu ya siasa na tamthilia Tanzania baada ya Azimio la Arusha, kuanzia 1967 hadi 1984. Fikiria hicho kipindi. Azimio lilipotangazwa mwaka 1967, sanaa nayo ilipewa zamu: ngonjera, ngoma, maigizo, vichekesho, vyote vikaitwa kuja kuieleza siasa kwa wananchi. Mtu aliyekulia kwenye jukwaa la wakati huo alikuwa na njia mbili rahisi: kuwa kipaza sauti cha wakubwa, au kuondoka. Lihamba na wenzake wakatafuta njia ya tatu, ngumu zaidi.

Njia hiyo ilipita Malya, mkoani Mwanza, mwanzoni mwa miaka ya 1980. Penina Muhando, tunayemjua pia kwa jina la Mlama, Eberhard Chambulikazi na Lihamba walikwenda kufanya kitu kilichokuja kuitwa sanaa za maonyesho kwa maendeleo. Kwa lugha ya kawaida ilikuwa hivi: hatuji na mchezo tayari. Tunakuja kukaa. Tunauliza kijiji kinaumwa nini, kijiji kinajibu, kijiji kinatunga, kijiji kinacheza kwa ngoma zake, halafu kijiji kinajadili. Malya ikajibu, na mojawapo ya majibu ilikuwa mimba za wasichana wa shule. Baadaye wakafanya kazi ya aina hiyo Msoga, mkoa wa Pwani. Na mwaka 1996, Lihamba na Penina wakaanzisha mradi wa Tuseme katika shule za sekondari, ambako wasichana wenyewe, kwa maigizo yao, walitaja yanayowakwamisha. Mradi huo baadaye ukavuka mipaka, ukachukuliwa na FAWE na kupelekwa nchi nyingine za Afrika.

Tuseme. Nikumbuke neno hilo, maana nilikuja kulikosea vibaya.

*

Sasa turudi kwenye laptop.

*Maangamizi: The Ancient One* iliongozwa na Martin Mhando, Mtanzania, na Ron Mulvihill, Mmarekani. Ilikamilika mwishoni mwa miaka ya 1990, na mwaka 2001 Tanzania ikaipeleka kuomba nafasi katika tuzo za Oscar, kundi la filamu za lugha za kigeni. Ilikuwa mara ya kwanza kwa nchi yetu kupeleka filamu huko. Kisa chake kwa ufupi: daktari wa magonjwa ya akili, Asira, Mmarekani mweusi anayeigizwa na BarbaraO, anakuja kufanya kazi hospitali ya huku kwetu. Humo anakutana na mgonjwa aitwaye Samehe. Samehe hasemi. Amekaa miaka na miaka bila kutamka neno, akiwa na jeraha la utotoni linalomhusu mama yake, na anatembelewa na bibi wa ajabu, wa kale, aitwaye Maangamizi. Daktari anakuja kumponya mgonjwa, kumbe na yeye ana wafu wake aliokimbia.

Samehe ndiye Lihamba.

Nilikaa nikiwaza jambo moja tu. Huyu ni mwandishi wa tamthiliya. Ni profesa. Ametumia maisha yake yote kuwafanya watu waseme, hasa wanawake, hasa wasichana. Alipocheza nafasi hii alikuwa ameshavuka miaka hamsini. Halafu nafasi kubwa ya sinema ya maisha yake inakuwa ya mwanamke asiye na maneno?

Nikatazama tena, safari hii nikipunguza sauti ya laptop kabisa, maana betri ilianza kunitisha na pia nilitaka kuona kitu. Wanaoigiza bubu mara nyingi wanakuombea huruma. Macho yanakodolewa, mdomo unatetemeka, mikono inazungumza kupita kiasi, yaani kila kiungo kinapiga kelele kuziba pengo la ulimi. Lihamba hafanyi hivyo. Uso wake haukuombi kitu. Umekaa kama mlango uliofungwa kwa ndani, na wewe uliye nje unajua kabisa kwamba ndani mna mtu, mna moto unawaka, mna chakula jikoni, na hakuna anayekuja kukufungulia kwa sababu hujasema wewe ni nani. Ukimya wa Samehe hauonyeshi kwamba maneno yamemwishia. Unaonyesha mtu anayeyatunza mpaka apatikane wa kuyapokea.

Huo ni uigizaji wa mtu aliyetoka jukwaani. Jukwaani unajifunza kukaa. Unajifunza kwamba mtazamaji wa safu ya mwisho anauona mgongo wako, na mgongo nao una la kusema.

Na hapo ndipo linaponiuma jambo jingine. Mimi sijawahi kumwona Lihamba jukwaani. Wengi wetu tunaosoma hapa hatujamwona. Maonyesho ya miaka ile yalipita kama mvua: aliyelowa alilowa. Kundi la Paukwa, ambalo Lihamba alikuwa mmoja wa watu wake na lililotupa *Ayubu* katika miaka ya 1980, limetuachia maandishi na kumbukumbu za waliokuwepo. Kitabu kinabaki, mwili haubaki. Kwa mwigizaji wa filamu angalau tunao uso. Kwa wa jukwaani tunaambiwa tu, "Ungemwona!" Kwa hiyo filamu hii moja, kwenye flashi, ndani ya nyumba ya mwalimu yenye upepo unaopenya madirishani, ilikuwa kwangu kama barua iliyochelewa.

Laptop ikazima kabla ya mwisho. Nikalala. Lakini sikulala, maana nilikuwa nimeshamkumbuka binti.

*

Nitamwita binti wa dawati la tatu. Ndipo alipokaa.

Alikuwa kidato cha pili mwaka niliomfahamu, na walimu wenzangu walikuwa wameshampa jina: bubu. Hakuwa bubu. Bwenini, usiku, alikuwa akiongea Kimaa mpaka matroni anamfokea anyamaze. Lakini darasani, kimya. Ukimwita anasimama, anainamisha kichwa, anasubiri mpaka uchoke. Wakati ule niliona ni ukaidi. Sasa najiuliza ningekuwa mimi ingekuwaje. Mtoto anazaliwa katika Kimaa. Anafika shule ya msingi anakuta Kiswahili. Anakipanda miaka saba kama mlima, na siku anayofika kileleni anaambiwa hapa sasa ni Kiingereza. Mimi Mluguru niliyekulia Kiswahili mdomoni Kiingereza cha kidato cha kwanza kilinitoa machozi. Yeye alikuwa anavuka mito miwili.

Matroni, mama wa hukohuko aliyenipenda kama mdogo wake, ndiye aliyeniambia habari za nyumbani kwa binti. Kwamba alishaposwa na ng'ombe wa mwanzo walishafika. Kwamba mama yake hakusema ndiyo wala hapana, ila aliuza shanga zake na ndama mmoja kimyakimya, akaificha fedha ndani ya kibuyu cha maziwa kisichotumika, na kwa fedha hiyo akanunua sare, godoro na sanduku la bweni. Ada ilikuwa imefutwa tangu 2016, lakini sare haikufutwa, wala godoro. Mumewe alidhani vitu vile vimetoka kwa mjomba. Matroni aliniambia hayo kama mwanamke anavyomwambia mwanamke, tukimenya viazi.

Na mimi nikafanya nini? Nikatunga mchezo.

Ulikuwa wa mahafali ya kidato cha nne. Wazazi wangekuja, viongozi wangekuja. Nikaupa jina kubwa, nikaweka mhusika baba mkali, mhusika mkwe mwenye rungu, mhusika ofisa anayetokea mwishoni na karatasi ya sheria mkononi kutangaza miaka 30 jela. Na katikati ya mchezo nikaweka mama. Mama anauza shanga. Mama anaficha fedha kwenye kibuyu. Mama anasimama mbele ya ukumbi mzima na kutoa hotuba ya dakika tano juu ya elimu ya mtoto wa kike. Niliiandika hotuba hiyo usiku mmoja, nikalia mwenyewe kwa utamu wake.

Sikumwuliza binti. Wala mama yake. Wala matroni sikumwambia. Nilijiambia hakuna atakayejua, nimebadilisha majina.

Ukweli ni kwamba kijijini jina ndicho kitu cha mwisho watu wanachokitumia kumtambua mtu. Kibuyu kilipoletwa jukwaani, nikaona vichwa vinageuka kwenye safu za akina mama. Kichwa kimoja, kingine, kingine, kama upepo ukipita kwenye ngano. Wote wakimtazama mwanamke mmoja mwenye shuka nyekundu aliyekaa karibu na mlango. Yeye hakugeuka. Alikuwa ametazama mbele, uso umefungwa. Upande wa pili, kwenye viti vya wanaume, kuna mtu aliinuka akatoka.

Ofisa wangu akasoma sheria yake. Makofi yakapigwa. Mgeni rasmi akanipa mkono.

Jumatatu dawati la tatu lilikuwa tupu.

*

Nilikwenda bomani kwao baada ya wiki mbili. Matroni alinisindikiza, hakuwa na maneno mengi na mimi njiani. Mama wa binti hakuwepo. Alikuwa amerudi kwa kaka zake, kule bondeni, na mambo yalikuwa mikononi mwa wazee. Tulimkuta koko, bibi yake binti, amekaa nje ya nyumba kwenye jua dogo la asubuhi.

"Takwenya," alinisalimu, nami nikainamisha kichwa aniguse.

"Iko."

Akanipa chai ya maziwa, akaacha ninywe mpaka nusu. Kisha akaanza kuongea kwa upole na matroni akatafsiri.

"Anauliza, wewe una mama?"

"Ninaye. Yuko Morogoro."

"Anauliza, mambo ya mama yako nani huyasema mbele za watu?"

Nikakosa jibu. Nikaanza kueleza nia yangu, nikataja elimu, nikataja sheria, nikajisikia navyosikika. Koko akasubiri nimalize. Halafu akasema kitu kifupi. Matroni akasita kidogo kabla ya kukileta kwa Kiswahili.

"Anasema, mkwe wake alikuwa amepata njia. Ilikuwa njia ya kupita mtu mmoja, gizani. Wewe umeiwashia taa, sasa kila mtu ameiona, na imezibwa."

Nilirudi shuleni nikitembea nyuma ya matroni. Hakuna mtu aliyenifokea. Ingekuwa rahisi kama wangenifokea.

Ni majuma machache baada ya hapo ndipo flashi ikafika, ndipo nikamwona Samehe, na ndipo nilipoelewa kwamba nilikuwa nimetumia jina la Lihamba vibaya. Chuoni nilisoma juu ya Malya na Tuseme. Niliandika hata insha, nikapata A. Na nilipopata kijiji changu mwenyewe nikafanya kinyume cha kila kitu mle: nilikuja na mchezo tayari. Neno lenyewe ni *tuseme*, na nafsi iliyomo ni sisi. Mimi nilikuwa nimesema kwa niaba, tena nikasema vizuri, na hapo ndipo sumu ilipokuwa.

*

Binti alirudi muhula uliofuata. Wazee walikaa, wakakaa tena, na mama yake akarudi nyumbani. Yaliyosemwa kwenye vikao hivyo siyajui na sikuuliza, na nadhani kutouliza ndiyo heshima ya kwanza niliyowahi kuwapa. Alikaa dawati lilelile. Hakunitazama.

Niliomba msamaha, kwake na kwa matroni. Kwa mama yake nilituma sukari na majani ya chai na salamu, kupitia koko, kama nilivyoelekezwa. Salamu zilipokelewa. Zaidi ya hapo hapana.

Kikundi cha maigizo tulikianza upya. Safari hii hatukuanza na karatasi. Tulianza na *Hawala ya Fedha*, tukiisoma kwa sauti chini ya mti, kipande kidogo kwa siku. Nilidhani itakuwa ngeni kwao: mambo ya karatasi, ofisi, mtu kuandikiwa fedha asiweze kuzichukua. Wakacheka mpaka wakakaa chini. Kila mmoja alikuwa na babu yake. Babu aliyetumiwa fedha kwenye simu na mtoto aliye Arusha mlinzi wa geti, akafika kwa wakala akakuta jina la simu na jina la kitambulisho hayafanani, akaambiwa alete barua, akatembea nusu siku kuitafuta, akarudi akakuta wakala kafunga. Sembène aliandika Senegali, Lihamba akaileta kwenye Kiswahili, na watoto wa Enguserosambu wakaimalizia wenyewe bila kuombwa. Hapo nikaona jinsi kazi yake inavyofanya kazi. Hakuwaletea ujumbe. Aliwaletea kiti, wakakaa na kuanza kusimulia ya kwao.

Kutokea hapo wakataka kutunga wao. Wakachagua jambo wenyewe, na sikushangaa sana walipolirudia lile lile: binti, ng'ombe, shule. Mimi kazi yangu ilikuwa kuandika wanachosema. Siku moja walifika mahali mama anaitwa mbele ya wazee kujibu. Wakakwama. Wavulana wakampa mama maneno, wasichana wakampa mengine. Nikashindwa kujizuia, nikachomeka langu, sentensi nzuri tu.

"Madam."

Sauti ilitoka nyuma. Niligeuka nikitafuta ni nani. Ilikuwa dawati la tatu, ingawa pale chini ya mti hapakuwa na madawati.

"Mama hawezi kusema hivyo," alisema. Kiswahili chake kilikuwa safi kabisa. "Mama angenyamaza."

Hayo ndiyo yalikuwa maneno yake ya kwanza kwangu kwa mwaka mzima na nusu. Nikafuta sentensi yangu.

Tulipoonyesha, mama aliigizwa na msichana mwingine. Alikaa kiti cha chini, mgongo umewaelekea watazamaji, akitunga shanga. Wazee wa mchezo wakauliza, wakauliza tena. Akatunga shanga. Wakakasirika. Akatunga. Mwishowe akakata uzi kwa meno, akainuka, akamvisha binti yake ule mkufu, akaketi tena. Basi. Hakukuwa na ofisa wala karatasi.

Hakuna aliyepiga makofi. Nilidhani tumeharibu. Kisha akina mama wakaanza kuongea, wao kwa wao, kwa Kimaa, kwa muda mrefu, na hakuna aliyekumbuka kunitafsiria.

*

Sijui Amandina Lihamba angeuonaje mchezo ule. Ninachojua ni kwamba nilijifunza kuutazama kutoka kwake. Kwa miaka mingi nilidhani kazi ya sanaa ni kumpa sauti asiye na sauti, msemo tunaoupenda sana sisi walimu na watu wa miradi. Samehe wake alinionyesha kwamba huenda sauti anayo tangu mwanzo, na swali ni kama sisi tunastahili kuisikia. Kwa hiyo sioni tena mgongano kati ya mama aliyeanzisha Tuseme na mama aliyecheza mwanamke asiyesema. Ni kazi moja. Ukitaka mtu aseme, kwanza ujue kukaa na kimya chake bila kukijaza.

Kabla ya kuandika haya nilimpigia simu binti, ambaye sasa ni mtu mzima. Hii ni njia yao, sikutaka kuiwashia taa mara ya pili. Nikamsomea yote. Alinyamaza kidogo, mpaka nikadhani mtandao umekata.

"Andika," akasema. "Ila jina usiweke. Na mama usimfanye aongee."

Baadhi ya mambo madogo nimeyabadilisha kwa sababu hiyo. Yanayoendelea kwenye maisha yake sasa ni yake kuyasimulia, akitaka, siku atakayotaka.

Wewe msomaji, ukipata nafasi ya kuiona *Maangamizi*, itazame. Haipatikani kirahisi, na hilo ni aibu yetu, kama ilivyo aibu kwamba kupata nakala ya *Hawala ya Fedha* leo inabidi uombe kwa watu. Ukiipata, usikimbilie kisa. Mtazame yule mama anavyokaa.